"Mwanangu si mtoto wa chekechea, iweje afundishwe kutoa pole?"

Dada, shikamoo.

Nakuandikia kutoka Ngamiani, hapa Tanga. Jina langu naomba lisitoke, na la mwanangu pia, tumwite Athumani. Ana miaka 27, ni wa tatu kati ya watoto wangu wanne.

Athumani alikuwa fundi pikipiki kwenye gereji moja kule Makorora. Kijana mcheshi, wateja walikuwa wanamfuata yeye, hawamfuati mwenye gereji. Miaka minne iliyopita akaanza kubadilika. Akawa halali, anazungumza peke yake, anasema redio inamtaja jina. Tulihangaika kwanza kwa waganga, sitakuficha, pesa nyingi zilikwenda huko. Mwisho tukafika hospitali, na baadaye akalazwa hospitali ya akili ya Lutindi, kule Korogwe. Alirudi ametulia. Sasa anachomwa sindano kila mwezi kliniki hapa mjini, zile sauti hazisikii tena, anakula, analala. Kwa hilo namshukuru Mungu.

Shida yangu ni kwamba hasemi na watu. Anaamka, anakaa barazani mpaka adhuhuri. Mtu akipita akimsalimia, anamtazama tu au anainamisha kichwa. Wageni wakimuuliza hali, inabidi nijibu mimi: "Hajambo, anaendelea vizuri." Dukani naenda mimi, kinyozi namwita mimi aje nyumbani, hata vocha ya simu yake nanunua mimi.

Mwezi wa Sita jirani yetu alifiwa na mumewe, mzee ambaye Athumani alikulia mikononi mwake. Tulikwenda wote. Athumani akapita mbele ya wafiwa bila neno, akaenda kukaa mkekani, sinia ilipoletwa akala, alipomaliza akanyanyuka akaondoka. Nyuma yangu nikasikia mtu anasema, "Huyu bado." Mwenzake akajibu, "Wala haumwi, ana kiburi tu." Usiku ule sikulala.

Sasa nesi wa kliniki ameniambia kuna kikundi, watu wanane, kila Jumatano saa nne asubuhi. Wanafundishwa kusalimia, kuanzisha mazungumzo, kukataa jambo, kudai haki yao. Nikapita siku moja nichungulie. Nikamkuta mtu mzima na ndevu zake anajifanya anakwenda dukani, nesi ndiye muuza duka, na wengine wanampigia makofi. Dada, nilitoka. Mwanangu amefika kidato cha nne. Si mtoto wa chekechea afundishwe kutoa pole na kusema "naomba chenji yangu".

Naomba uniambie: hii ni tiba kweli au ni michezo? Wagonjwa wanane wakikaa pamoja si watazidishiana? Na mji wetu unaujua, neno likitoka Jumatano, Alhamisi limefika Duga. Kaka yangu mkubwa yeye anasema dawa ni kumuoza, akipata mke atachangamka. Kila akija anamfokea, "Sema! Kwani ulimi umeumeza?" Mimi nimebaki katikati.

Mama Athumani, Ngamiani

*

Marahaba mdogo wangu, na pole. Miaka minne ni mingi kwa mama.

Nikianza na jibu lenyewe ili usisome kwa wasiwasi: ndiyo, ni tiba, na ningependa Athumani aende. Lakini kuna mambo mawili matatu katika barua yako yamenikaa zaidi ya swali lako, na hayo tutayafikia.

Hukuutaja ugonjwa, nami siwezi kumpima mtu kwa barua. Ila ulivyoeleza, redio kumtaja jina, kusema peke yake, kuanza akiwa na miaka ishirini na kitu, ndivyo skizofrenia inavyowaanza vijana wengi wa kiume. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba duniani takriban mtu mmoja kati ya 300 anaishi nayo, kwa hiyo hata hapo mtaani kwenu huenda si nyinyi peke yenu. Kama daktari wenu ameuita jina lingine, shika la daktari.

Ugonjwa huu unakuja na mafungu mawili ya matatizo. La kwanza ndilo linalotisha watu: sauti, dhana kwamba unafuatwa, maneno yasiyoeleweka. Hilo dawa hulipunguza vizuri, kama ulivyoona. La pili halipigi kelele. Mtu anapungukiwa na maneno, uso unakosa furaha na huzuni zinazoonekana, hamu ya kufanya jambo inakwisha, anaweza kukaa mahali pamoja kutwa. Hapo dawa hazisaidii sana. Kwa hiyo huyo unayemwona barazani hana kiburi, na si mvivu. Yule wa nyuma yako msibani alikuwa anauona ugonjwa na kuuita tabia.

Kabla sijaendelea, jambo la kliniki. Baadhi ya dawa hizi, sindano za kila mwezi zikiwemo, zinaweza kukakamaza misuli, zikapunguza miondoko ya uso, zikafanya mwendo na maneno kuwa mazito. Siku ya sindano mwombe daktari amwangalie kwa hilo, huenda kipimo kikarekebishwa. Usimwachishe sindano mwenyewe hata siku moja. Sauti zikirudi, hakuna kikundi kitakachomfaa.

Tuje kwenye hao watu wanane na duka lao la kujifanya.

Mtu aliyeugua akiwa na miaka 23, akatumia miaka minne ndani, amepitwa na mengi. Umri ule ndio wenzake walikuwa wanajifunza kubishana na bosi, kumtongoza msichana, kukopa na kukataa kukopesha, kuzungumza na shemeji. Yeye hakuwepo. Na hata aliyoyajua zamani yamepata kutu kwa kutotumika. Kukaa na watu ni ujuzi, una hatua zake, nazo zinafundishika. Ukiniuliza kikundi kinafanya nini, ni hicho tu: kinachukua jambo moja dogo, kinalivunja hatua hatua, mtu anaonyeshwa, anajaribu, anaambiwa, anajaribu tena, halafu anatumwa akalifanye nje.

Nikuonyeshe kwa hilo hilo la kutoa pole, maana ndilo lililokuliza. Nimekaa kwenye vikundi hivi miaka mingi nikiwa muuguzi wa afya ya akili, na kutoa pole ni somo ninalolipenda.

Wakufunzi huwa wawili. Mmoja anauliza, "Kwa nini tunakwenda kumpa mtu pole?" Wanajibu wenyewe. Mmoja atasema ni dini, mwingine atasema usipokwenda hata wewe hawatakuja kwako. Kisha hatua zinaandikwa ubaoni: msogelee mfiwa, mpe mkono au weka mkono kifuani, mtazame usoni kidogo, sema "poleni na msiba", ngoja akujibu, kisha katafute pa kukaa. Na moja ambayo wazima wengi wanaikosea: usimuulize alikufaje. Wakufunzi wawili wanaigiza wao kwanza, dakika moja haizidi. Wanauliza kundi, "Nimemtazama? Nimesema nini? Nimengoja?" Halafu ndipo mmoja wa wanane anaombwa ajaribu, na anayeombwa kwanza ni yule mwepesi kidogo, ili yule mzito aone wenzake wawili watatu kabla zamu yake haijafika.

Anaigiza. Ametazama sakafu muda wote, lakini amesema "poleni". Sasa sikiliza kinachofuata, maana hapo ndipo palipo na tiba. Mkufunzi anauliza kundi, "Kipi amekifanya vizuri?" Si "vizuri sana, hongera" ya jumla. Wanataja kitu: sauti ilisikika, alingoja ajibiwe "tumeshapoa". Baada ya hapo anapewa rekebisho moja tu, hata kama makosa ni sita: "Mara hii jaribu kumtazama wakati unasema poleni." Anarudia pale pale. Akiinua macho kwa nukta mbili, kundi zima limeona, naye amejua kwamba wameona. Mwisho anapewa kazi ya nyumbani: wiki hii mwendee mtu mmoja mwenye shida, mgonjwa au mfiwa, umpe pole, Jumatano utuambie ilikuwaje. Saa moja inakwisha hivyo. Mara nyingine somo moja linachukua wiki mbili tatu.

Hayo makofi uliyoyaona, kusema kweli hata mimi siyapendi kwa watu wazima. Ukizungumza na nesi mwambie. Maneno mawili ya kweli yanatosha, na kikundi kizuri kinalijua hilo.

Unasema chekechea. Mdogo wangu, wewe ni mwanamke wa Tanga, nadhani umekwenda unyagoni kabla ya kuolewa, au unamjua aliyekwenda. Kungwi alikuhutubia? Alifanya, ukatazama, ukafanya, ukarekebishwa, ukarudia, na wanawake wengine wapo. Ulikuwa mwari mwenye akili timamu na hakuna aliyekuita mtoto. Wazee wetu walijua kwamba mambo ya kukaa na watu hayaingii kwa kuambiwa tu. Wazungu walikuja kuyaandika kwa njia yao. Albert Bandura, mwanasaikolojia wa Marekani, alionyesha kwa majaribio ya miaka ya 1960 jinsi mtu anavyojifunza tabia kwa kumtazama mwenzake akiifanya. Miaka ya 1970 mwanasaikolojia mwenzake Arnold Goldstein alikuwa anatafuta tiba itakayowafaa watu wa kipato cha chini, kwa sababu ile ya kukaa na daktari mkizungumza miezi kwa miezi ilikuwa haiwafai. Akaunganisha mambo manne: kuonyeshwa, kuigiza, kuambiwa ulivyofanya, na kupeleka ujuzi nje ya chumba. Huko California daktari Robert Liberman na wenzake wakaufanyia kazi mpango wa namna hiyo hasa kwa watu wenye skizofrenia. Hicho ndicho kilichofika mpaka kliniki yenu.

Kwa nini kikundi, asifundishwe peke yake? Kwanza, huwezi kujifunza kusema na watu mahali pasipo na watu. Nesi mmoja na Athumani mmoja watafanya mazoezi, lakini atazoea sura moja. Pili, kuna jambo ambalo daktari Joseph Pratt aliliona Boston mwaka 1905. Alikuwa anawakusanya wagonjwa maskini wa kifua kikuu kila wiki awafundishe jinsi ya kujitunza, akagundua kwamba kule kukaa pamoja kwenyewe kunawapa moyo wa kuendelea. Athumani anajiona peke yake katika Tanga nzima aliyewahi kusikia redio ikimwita. Jumatano atakuta wengine saba. Hawataambukizana, ugonjwa huu hauambukizi. Anayeweza kuvuruga kikundi ni yule ambaye bado ana sauti kali au hawezi kukaa kwenye kiti nusu saa, na mkufunzi anayejua kazi yake humtibu huyo kwanza ndipo amwingize.

Halafu usifikiri ni jambo geni kwa mkoa wetu, kwamba tiba ya akili ni zaidi ya kidonge. Hiyo Lutindi alikolazwa mwanao ilianza mwaka 1896 kama makao ya watoto waliokombolewa utumwani, na tangu 1904 inapokea wagonjwa wa akili. Kule milimani kumshirikisha mgonjwa kazi ni sehemu ya matibabu. Muulize Athumani alifanya nini huko. Huenda kuna kazi aliyoipenda na hujui.

Sasa upande wa pili, maana sitaki uniambie baadaye kwamba nilikuuzia mbuzi kwenye gunia. Mafunzo haya hayaponyi skizofrenia. Mwaka 2008 Matthew Kurtz na Kim Mueser walikusanya tafiti 22 zenye wagonjwa zaidi ya 1,500. Walichokuta ni kwamba watu wanajifunza vizuri sana kile walichofundishwa darasani, maisha yao nje ya darasa yanaboreka kwa kiasi, na katika kuzuia ugonjwa usirudi msaada ni mdogo. Mwongozo wa matibabu wa Uingereza wa 2014 unasema kabisa yasitolewe kwa kawaida tu kwa kila mwenye skizofrenia. Wamarekani, katika mwongozo wa madaktari wao wa akili wa 2020, wanayapendekeza, ila kwa mgonjwa ambaye lengo lake ni kuishi vizuri zaidi na watu.

Mimi nimeona yote mawili. Nimeona mtu anasalimia vizuri mno ndani ya chumba, akitoka getini anarudi kuwa bubu. Tofauti huwa ni kazi ya nyumbani. Kule Los Angeles walijaribu kuwafuata wagonjwa huko huko wanakoishi, mkufunzi akawasaidia kutumia walichojifunza, na hao waliofuatwa walipata maendeleo zaidi katika kuishi na watu kuliko walioishia darasani. Kliniki yenu haina gari wala mtu wa kumfuata Athumani mpaka Ngamiani. Mtu huyo itabidi awe wewe.

Na hapa ndipo barua yako iliponikaa. Umeandika, wageni wakimuuliza hali "inabidi nijibu mimi". Umeandika dukani unakwenda wewe, kinyozi unamwita wewe, vocha unanunua wewe. Najua kwa nini. Unamkinga asiaibike, na wewe usiaibike. Lakini hebu hesabu, katika siku nzima ni wakati gani Athumani analazimika kufungua mdomo? Hata aliyekuwa msemaji wa mtaa, ukimwekea mkalimani miaka minne, atasahau.

Si lazima umwache ghafla. Anza na mgeni mmoja. Akija shangazi yake akiuliza, "Athumani hajambo?" mwambie kwa upole, "Huyo hapo, muulize." Kisha nyamaza. Huo ukimya utakuumiza. Watu wenye ugonjwa huu jibu lao linachelewa kutoka, sekunde kumi hata kumi na tano, na sisi huku tumeshajaza nafasi. Ngoja. Akisema "sijambo" moja kavu, hiyo imetosha kwa siku hiyo. Baadaye mkiwa wawili, mwambie kitu ulichokiona: "Nimefurahi ulivyomjibu shangazi yako." Usiongeze "ona sasa, kumbe unaweza!" Hiyo sentensi ya pili inaifuta ya kwanza.

Wiki nyingine iwe vocha. Mpe hela, duka la karibu, mwenye duka unayemjua, saa ambayo hapana foleni. Chenji ikipungua akarudi bila kudai, usitoke na kanga yako kiunoni kwenda kumdai muuza duka. Mwambie aipeleke Jumatano. Hapo ndipo lile duka la kujifanya ulilolidharau litakapokuwa na maana.

Kaka yako sasa. Anampenda mpwa wake, sina shaka, lakini huko kumfokea kunadhuru, na hili si maoni yangu tu. Mwaka 1976 Christine Vaughn na Julian Leff wa London walichapisha utafiti kuhusu wagonjwa wanaorudi nyumbani kutoka hospitali. Waliorudi kwa ndugu wakosoaji sana, au wenye uchungu wa kupita kiasi unaomfanyia mgonjwa kila kitu, waliugua tena zaidi kuliko wengine, hasa kama walikaa nao uso kwa uso zaidi ya saa 35 kwa wiki. Umesikia, makundi ni mawili. Kaka yako ni la kwanza. La pili, mdogo wangu, linakuhusu. Hukuuleta ugonjwa, hilo liondoe moyoni kabisa. Ila Athumani akitoka Jumatano kwa muda wa saa mbili, ukapata pumzi yako, ukaenda sokoni kwa raha au ukakaa na wenzako, ni dawa kwenu wote wawili.

Mwambie kaka maneno machache: "Mjomba, ukija msalimie kisha kaa naye tu. Kahawa inywe naye, usimdai maneno." Kama ni mtu wa bao, bao linafaa zaidi. Watu wawili wanaweza kucheza bao saa nzima wakasemezana mara nne, na hakuna anayemwona mwenzake bubu.

Kuhusu kumuoza, sitazunguka. Ndoa haitibu ugonjwa huu, na binti wa watu si dawa. Watu wenye skizofrenia wanaoa na kuolewa, wengine wanaishi vizuri, lakini wanaingia wenyewe, kwa hiari yao, na anayeolewa akijua anachokikuta. Mkimficha binti mtavunja nyumba mbili. Athumani kwa sasa hajaweza kumwambia mtu "sijambo". Subirini.

Umbea wa mji. Ni kweli, Tanga hii tunajuana. Kila kikundi cha maana kina kanuni siku ya kwanza: linalosemwa humu halitoki, na anayetaka kutaja jina la mwenzake nje, asitaje. Muulize nesi kama kanuni hiyo ipo na inakumbushwa. Siwezi kukuahidi kwamba midomo yote itafungwa. Lakini fikiri pia, msibani pale walishasema, na alikuwa hajaenda kikundi chochote. Kitu kitakachobadilisha maneno ya mtaa ni kumwona amesimama dukani ananunua vocha yake.

Mambo ya kumuuliza nesi kabla hujamwandikisha ni haya. Mazoezi ni ya muda gani, kwa sababu wiki tatu hazitoshi, miezi ndiyo inayoonekana. Wakufunzi ni wangapi. Kazi ya nyumbani inatolewa na inaulizwa, au inasahaulika? Na kila mtu anaulizwa mwanzoni anataka nini yeye? Hilo la mwisho ukilikosa, kweli patakuwa chekechea, kila mtu anaimbishwa wimbo mmoja. Mwingine anataka kurudi msikitini bila kutazamwa, mwingine anataka kumwomba mkwewe amwone mtoto wake. Kikundi kizuri kinachagua masomo kutokana na hayo.

Ndiyo maana nimesoma barua yako mara mbili nikitafuta kitu na sikukiona. Umeniambia anachosema nesi, anachosema mjomba, walichosema wa msibani, na unachoona wewe. Athumani mwenyewe anasemaje? Anataka kwenda? Anajua kwamba kikundi kipo? Ana miaka 27. Wamarekani wale wanasema yanamfaa mwenye lengo hilo, na mimi nakubaliana nao. Tukimpeleka kama tunavyopeleka mzigo, atakaa kule kama anavyokaa barazani.

Muulize. Chagua wakati ambao hamna mgeni na wewe huna sufuria jikoni. Usimuulize "unataka kwenda kikundi?", maana kwa swali hilo atasema "sijui". Muulize kuhusu gereji. "Ukipata nafasi, ungependa kurudi Makorora hata nusu siku?" Kisha ngoja, hizo sekunde kumi na tano na zaidi. Kama jibu lina harufu ya ndiyo, hata kichwa tu, basi mnalo lengo. Mweleze kwamba kuna watu wanaofanya mazoezi ya kumwambia bosi wa zamani "naomba kurudi", na kumwambia mteja bei ya kubadilisha tairi bila kugombana. Nesi naye aambiwe hivyo hivyo, ili somo la kwanza la Athumani liwe la gereji. Kutoa pole kutakuja baadaye.

Akienda, mara ya kwanza mwombe nesi amruhusu kukaa tu na kutazama. Hilo linakubalika, wengi huanza hivyo. Wewe mpeleke mpaka mlangoni kisha uondoke, usikae nje ya dirisha.

Na akikataa, usimlazimishe na usikasirike. Baraza lenu, duka la jirani na mjomba mwenye bao mnavyo tayari, endeleeni na hivyo, na kila mwezi siku ya sindano nesi amuulize tena yeye mwenyewe, asikuulize wewe. Niandikie kabla ya Ramadhani uniambie alijibu nini kuhusu gereji.